Waya wa Nane

Kiwanda kilikuwa na ndege moja tu ya mabawa ya ghorofa, na majenerali walikuja Kent, Uingereza, kuamua kama jeshi litainunua. Masharubu yao yangetosha kuanikia soksi za kikosi kizima.

Kwa kawaida, kabla ya kuruka, kila waya unaoshikilia mabawa hupigwa kwa kidole na kusikilizwa kama umekaza. Leo, kwa kiherehere cha kupokea wageni, fundi alisahau. Winifred, mshona mabawa, akazipiga nyaya mwenyewe. Nyaya saba ziliimba. Wa nane ulitoa mlio wa kamba ya kuanikia nguo.

"Kaka, shuka! Waya umelegea!"

"Wewe shona tu, dada," rubani akacheka, tayari yuko kitini. "Nikishuka sasa, kiwanda kinafungwa."

"Ukipaa, utashuka na bawa mkononi!"

"Basi nitajipepea nalo. Fundi, zungusha!"

Panga boi likanguruma. Chini ya kiganja cha Winifred kitambaa kilitetemeka, kimekaza kama ngoma, na mishono yake ya majuma tisa ilijipanga kama siafu.

Jeshi halinunui ndege iliyochanika. Lakini ndege iliyochanika hairuki.

Akachomoa mkasi kwenye aproni, akaudidimiza bawani mpaka vidoleni, akaanza kutembea kuelekea ncha ya bawa, kitambaa kikichanika nyuma yake.