Uji wa Maombi

Ma Evodia alikisaga kidonge kwa mgongo wa kijiko huku akiimba wimbo wa toba kwa sauti kubwa, ili mlio usifike sebuleni. Unga wake akautia wote kwenye kikombe cha bluu, akamimina uji wa ulezi juu yake, akakoroga mpaka mkono ukachoka. Kisha akamwomba Mungu amsamehe kwa kumsaidia kazi.

Kikombe cha bluu kilikuwa cha mwanawe, Mwesiga. Cheupe chenye maua kilikuwa cha mgeni.

Mgeni huyo aliletwa na shemeji wa Ma Evodia, Ta Gamaliel, mzee wa kanisa ambaye hakuwahi kukosea tangu alipochaguliwa. Ta Gamaliel alikuwa amechoka kusikia Nshamba nzima ikisema kwamba mtoto wa marehemu ndugu yake anatibiwa kichaa Bukoba, na ukoo wenyewe ni wa walokole tangu enzi za babu. Akamfuata Mtumishi Kahigi, aliyevuma kwa upako, akamleta akae pale nyumbani mpaka pepo atoke. Vidonge vya Mwesiga vikatupwa chooni.

"Huwezi kumshika Yesu kwa mkono mmoja na vidonge kwa mkono mwingine," alisema Ta Gamaliel. Kisha akaomba maji, akameza kidonge chake cha presha, akaenda zake.

Pakiti nyingine Ma Evodia alikuwa ameificha ndani ya gunia la kahawa. Si kwamba hakuwa na imani. Alikuwa na kumbukumbu. Mara ya mwisho Mwesiga alipoacha dawa, wavuvi walimkuta ziwani, maji yakimfika kifuani, akielekea kisiwa cha Bumbire kwa miguu. Aliwaambia ameitwa. Wangechelewa kidogo, mama huyu angekuwa amezika.

Mtumishi, kusema kweli, alikuwa moto. Hakulala. Usiku alizunguka mgombani akibishana na malaika waliokaa juu ya bati, na asubuhi alitoa taarifa ya yote waliyosema. Redio aliifunika kwa blanketi kwa sababu ilikuwa inamtaja. Jogoo wa Ma Evodia alichinjwa kwa kosa la upelelezi, na Ta Gamaliel akapewa paja.

"Huyu ndiye mtu wa Mungu," alisema Ta Gamaliel, akitafuna. "Ninyi mmezoea wachungaji wanaolala."

Wachawi nao, kwa maneno ya Mtumishi, walikuwa wanamtafutia sumu. Kwa Wahaya mgeni huonjewa kinywaji kabla ya kupewa, hilo hakuna asiyelijua, lakini huyu alitaka zaidi. Hakuna kitu ambacho kingefika kinywani mwake kabla ya kupita kinywani mwa mwingine, naye akishuhudia kwa macho yake. Kazi ya kuonja akapewa Mwesiga. Ma Evodia aliacha vikombe mlangoni pa sebule, hao wawili wakajifungia ndani, maombi yakaanza. Baadaye vikombe vilirudi vitupu, vyote viwili, naye akashukuru.

Alikuwa na sababu ya kushukuru, maana Mwesiga alikuwa mzima. Alipalilia migomba, akaanika kahawa, akalala kama watu wengine. Mtumishi akamwamini mpaka akawa anamtuma Bukoba mjini kununua mafuta ya upako. Kila aliporudi kutoka huko Mwesiga alikaa upande upande kwenye benchi, akilalamika kwamba viti vya yale mabasi vimetengenezwa na mtu asiye na makalio.

Kitu kimoja tu kilimshangaza Ma Evodia. Mtumishi alikuwa anapoa. Alianza kusinzia mchana, halafu akalala usiku, halafu sauti yake ikashuka ikawa ya mtu anayeongea na jirani. Siku moja aliifunua redio mwenyewe, akasikiliza bei ya kahawa mpaka mwisho. Aliuliza yule jogoo alikwenda wapi. Alipoambiwa, akaona aibu, akaomba radhi.

"Moto umepungua," alinung'unika Ta Gamaliel. "Ni huu uji wenu."

Jumapili ya shukrani watu walijaa uani. Mtumishi alisimama, akangoja watulie, akawasalimu kwa Kihaya.

"Kasinge, waitu. Bwana ametenda," alisema polepole. "Pepo wa kijana ametoka, mnamwona wenyewe. Na mimi nimepumzika katika nyumba hii. Wale waliokuwa juu ya bati wamenyamaza. Nimekumbuka kwamba nina mke, Penina, kule Biharamulo. Nataka kurudi nyumbani."

Vigelegele vikapigwa. Ta Gamaliel alipiga makofi ya kuhesabika.

Ma Evodia alishindwa kuvumilia. Watu wanalia machozi ya furaha kwa muujiza ambao yeye ameusaga kwa kijiko, na mwanawe hajui hata kilichomponya. Angeweza kuondoka kesho akiamini amepona kwa maombi, asimeze tena dawa, na ziwa liko pale pale. Akamshika mkono, akamvuta mpaka jikoni.

"Mwanangu, nisamehe," alisema, akianza kulia. "Dawa hukuziacha. Mimi nilikuwa nakutilia kwenye uji wako."

Mwesiga alimfuta machozi kwa ncha ya kitenge cha mama mwenyewe.

"Najua, Mama. Uchungu wa vile vidonge ningeusahau vipi? Nilikuwa naonja tu, halafu namkabidhi yeye kikombe cha bluu, mimi nakunywa cheupe. Mimi nachomwa sindano ya dawa kila mwezi pale hospitali, nikitumwa mafuta." Alichungulia uani, ambako Mtumishi alikuwa akiwaaga watoto kwa upole, mmoja mmoja. "Hata mimi nilianza na hao hao wa juu ya bati, kabla ya Bumbire. Kesho nampitisha kwanza Bukoba, nimwonyeshe ninakonunulia mafuta."