Waliosimama Kando ya Jeneza

Tak! Kitufe cha jiko la umeme la kupikia wali kiliruka kule jikoni, wali umeiva, lakini katika giza la gereji ya nyumba hakuna aliyeinuka kwenda kupakua. Divina, mkusanyaji wa filamu za kale za Wafilipino wa Stockton, alikuwa amewasha projekta. Shuka iliyotundikwa ukutani ilijaa vibarua wa mashamba ya mboga ya asparaga, wamesimama kando ya jeneza la mwenzao.

"Yule wa tatu ndiye baba yangu," alisema bibi yake, ambaye nyumbani walimwita Lola, yaani bibi kwa Kifilipino. "Mbona hatembei?"

"Hakuna anayetembea, Lola."

"Miaka themanini nangoja kumwona akiwa hai, mjukuu wangu, nawe unanionyesha picha! Picha ninayo ukutani, tena haili umeme."

Divina aliwaelewa wale wanaume. Walizoea kupigwa picha pamoja na marehemu, ipelekwe kwa mama yake huko visiwani kwao Ufilipino, aone kwamba mwanawe alizikwa na watu. Siku ile kamera ilikuwa ya sinema na hawakuambiwa, basi wakakauka kama kawaida yao. Dakika tatu nzima hakuna aliyetikisika.

Akanyoosha mkono azime.

Mkono ukabaki hewani. Kwenye koti la yule wa tatu, kifungo kimoja kilipanda polepole, kikashuka. Kikapanda tena.

Lola naye alikiona. Vidole vyake vikatafuta kifua chake mwenyewe.

Binti mdogo wa Divina, aliyekuwa ameketi sakafuni, akainuka, akaenda hadi kwenye shuka, akaweka kiganja juu ya lile koti.

"Huyu anapumua," akasema.