Sauti ya Mzee Elkana

Kabla ya alfajiri, kijiko kiligonga kikombe. Mzee Elkana alikuwa ameamka. Kiharusi kilikuwa kimemfutia Kiswahili chote, kikamwachia Kiebrania cha utotoni. Binti yake, Tirza, hakukijua. Lugha zake zilikuwa zile za kuandikia programu za kompyuta. Kwa hizo alihangaika miezi mingi akitengeneza programu ya kumtafsiria, angalau amsikie baba akimwita kwa jina tena.

Alimpulizia chai, akamnywesha, akamsogezea kompyuta.

"Baba, sema chochote. Nakuomba."

Mzee alisema. Kompyuta ikanyamaza. Akarudia polepole, huku ameushika mkono wa Tirza.

Safari hii kompyuta ikatamka: "Ahsante, mama. Sikujui, lakini una huruma. Binti yangu Tirza angekuwapo, angekushukuru. Utakuja tena kunitazama?"