Zamu ya Kulalia Yai

Sheria siku hizi ni hii: ukimuua tumbusi, unashika zamu yake. Ndiyo maana Parsaloi yuko juu ya mgunga, kwenye kiota kipana kama kitanda cha watu wawili, analalia yai. Koti alilovaa limeshonwa kwa manyoya ya yule tumbusi jike aliyemuua. Jike mwenyewe alikula mbuzi ambaye Parsaloi alimtia sumu kumtegea fisi.

Mkewe, Nasieku, alipanda ngazi na chupa ya chai.

"Mama kijacho, umeamkaje?"

"Nasieku, niache."

"Nauliza tu. Huyo mtoto, kipara atarithi cha nani?" Akacheka peke yake, kisha akatazama juu. "Jikunyate. Mume wako anarudi."

Wiki nzima dume, mwenzi wa yule jike, alikuwa akitua kwenye tawi la mbali na kukataa kusogea. Asipokubali kupokezana na Parsaloi, yai lingekufa, maana joto la mtu halitoshi usiku, na tumbusi hutaga moja tu.

Leo alitua kiotani. Mdomo ule unaopasua ngozi ya nyati ukamsogelea Parsaloi usoni. Akafumba macho akingoja kudonolewa, na moyoni aliona ni haki yake.

Dume akaanza kumchambua nywele chache za kisogoni, moja moja, polepole.

"Amekukubali," Nasieku alinong'ona. "Yai limepona. Sasa unalia nini?"

"Anadhani mke wake amerudi," Parsaloi alisema.