Rambirambi Kwenda Jakarta

"Tafsiri," alisema Zainabu, "au zima jiko utoke."

Lastri hakutafsiri, wala hakuzima jiko. Alikuwa amewapa mgongo, anapara samaki kwenye sinki, magamba yanamrukia mpaka nyusini.

Simu ya Zainabu ilikuwa imeegemezwa kwenye kopo la sukari. Huko Jakarta ulikuwa usiku wa tuzo za filamu za taifa lao. Hapa Al Mansoura, Qatar, ilikuwa Ijumaa alasiri, siku ya mapumziko, na wanawake watatu wanaosafisha vyumba vya hoteli moja kule West Bay walikuwa jikoni kwao. Zainabu wa Tanga na Akinyi wa Kisumu walivuta viti waangalie magauni. Walizipenda filamu za kwao Lastri. Waindonesia, Zainabu alikuwa akisema, wanajua kulia.

Na sasa mwanamume mmoja alikuwa akilia jukwaani. Filamu yake ndiyo iliyozishinda zote. Mkono mmoja kashika kikombe, mwingine kamshika bega binti wa miaka kama tisa, aliyevalishwa gauni la rangi ya dhahabu. Neno moja Zainabu alilidaka mwenyewe, maana na kwao lipo: almarhumah.

"Nani marehemu? Lastri, si nakuuliza wewe?"

"Mke wake," alisema Lastri bila kugeuka. Kiswahili chake kilikuwa cha kuokoteza humo humo jikoni, lakini kilinyooka. "Anasema mke wake alikuja Uarabuni kufanya kazi za ndani. Anasema aliugua. Anasema alikufa. Filamu ni ya huyo mke."

"Inna lillahi."

"Kufa kufaana," alisema Akinyi. "Jamaa amefiwa, amepata kikombe."

"Wewe Akinyi, chunga mdomo."

Kikaonyeshwa kipande cha filamu. Mwigizaji mrefu, mweupe, nywele mpaka kiunoni, anapiga deki huku machozi yanamtiririka. Lastri aligeuza shingo, akatazama mara moja, akarudi kwenye samaki wake.

"Hakuwa mzuri hivyo. Na alikuwa mfupi."

Akinyi aliacha kutafuna. "Kwani ulimjua?"

"Mwanamume ndiye namjua. Hayo machozi anayatoa akitaka."

"Unamjua, kumjua vipi?"

"Anakoroma. Na lazima alale upande wa ukutani."

Akinyi akaziba mdomo kwa kiganja, kicheko kikampenya hivyo hivyo. "Aki Lastri. Ulikuwa mpango wa kando?"

Lastri alimpasua samaki tumbo, akayavuta matumbo yote kwa mkupuo mmoja.

Zainabu naye alikuwa na lake moyoni. Yeye yuko huku anasugua vyoo vya wageni, na kule Tanga kitanda chake, alichokinunua kwa jasho lake, kinalaliwa na mwanamke mwingine. Sura ya mwanamke huyo hakuwahi kuiona. Leo aliona kama ameletewa jikoni.

"Muda wote huu nala nawe sahani moja," alisema, "kumbe nafuga nyoka. Mwenzio yuko Uarabuni anavunjika mgongo, wewe umemlalia mumewe. Kafa, bado wamsema ufupi. Ndiyo maana kwenu hawapokei simu zako. Nani apokee simu ya mtu kama wewe?"

Kisu kilisimama.

"Hilo kweli," alisema Lastri taratibu. "Hawapokei."

Kwenye simu, yule binti alisogezewa maikrofoni. Alisema maneno machache, kwa sauti ndogo, na ukumbi mzima ukainama.

"Na la mtoto hutafsiri?"

"Anasema..." Lastri alikiweka kisu chini. "Anasema kila akimaliza kusali anamwombea mama yake rehema. Baba yake amemwambia kaburi liko Qatar. Akikua atampeleka akalione."

Hapo hata Akinyi hakuwa na mzaha. Mshereheshaji alimfuta mtoto machozi, akawaambia watu popote walipo wamtumie salamu za rambirambi, atasomewa pale pale. Zikaanza kumiminika chini ya kioo.

Zainabu akainuka. Nyumba ilipangwa kwa jina lake, na wote walilijua hilo.

"Nisikilize. Marehemu umemdhulumu, naye hawezi tena kukudai. Lakini mtoto yupo. Utamwandikia pole sasa hivi, mbele yangu, kwa lugha yenu, aielewe. Hutaki, godoro lako liko ngazini kabla ya Magharibi, na hao samaki ukawamalizie huko."

"Khalas, Zai, imetosha. Mwache," alisema Akinyi.

"Simwachi."

Lastri aligeuka. Zainabu alitarajia kuona aibu. Alichokiona kilikuwa hasira, tena kubwa kuliko yake, iliyotulia kama mafuta yaliyokwisha kupata moto na bado hujatia kitu.

Lastri alinawa mikono. Alijifuta kwa upindo wa kanga, akaichukua simu, akaandika kwa kidole kimoja bila kufuta neno, akatuma. Kisha akairudisha mahali pake, akabaki ameikodolea macho.

"Haya, umemwandikia nini?" aliuliza Zainabu.

"Nimemwambia mwanangu aache kuniombea rehema," alisema Lastri. "Mama yake hajafa."