Mkanda wa Ayikwei

"Ukitaka nisipande ulingoni, sema sasa," Ayikwei alisema, mikono yake ikifungwa bendeji.

Kocha wake, Ataa Okpoti, hakuinua macho. "Utapanda. Kazi ni kazi."

"Na mkeo je?"

"Tangu pambano litangazwe hanisemeshi. Donge la kenke na samaki ananiwekea mlangoni, kama mgeni asiyetakiwa. Lete mkono wa kushoto."

Ayikwei akaleta. Alikuwa amechoka hata kabla ya kengele. Miaka ya ubingwa ilikuwa imemwachia vidole vilivyokataa kukunjika asubuhi na sikio moja lenye mvumo usiokoma. Mtaa mzima wa Bukom ulimwita Simba. Yeye alitamani usingizi tu. Leo angeutetea mkanda mara ya mwisho, kisha apumzike.

Mpinzani, kijana waliyemwita Radi, alianzia ngumi katika kambi hii hii ya Okpoti, kisha akakorofishana na mzee na kuhamia kambi ya ng'ambo ya barabara. Kasi alikuwa nayo. Kujikinga hakusubiri kufundishwa.

Raundi ya tano kasi ilimwishia. Raundi ya saba jicho moja lilifumba. Ayikwei alimtwanga kama mtu atwangaye mahindi, bila hasira, na bado kijana hakuanguka.

"Ana nini huyu?" Ayikwei alihema alipoketi kwenye kona yake.

"Ukaidi. Haanguki huyo." Okpoti alimpangusa jasho. "Watu wake hawasimamishi pambano?"

"Kocha wake anacheka, Ataa. Niambie nifanye nini."

Mzee alitazama kona ya pili. "Pigana, mwanangu. Usiniulize mimi."

Raundi ya tisa Radi alikuwa amening'inia kwenye kamba, mikono chini, damu ikimchuruzika sikioni. Mwamuzi alisitasita. Ayikwei akavuta konde la kulia, lile lililowalaza wanaume wengi, na uwanja mzima ukasimama.

Taulo jeupe likatua miguuni pake.

Lilitoka kwenye kona yake mwenyewe. Mwamuzi alilitazama, akamtazama Okpoti, kisha akapunga mikono: basi, bingwa amesalimu amri, mkanda umekwenda. Watu wakazomea. Chupa zikaanza kuruka. Ayikwei alishusha mkono polepole. Hata nguvu ya kukasirika hakuwa nayo.

"Nilikuwa nashinda, Ataa."

"Najua. Nisamehe."

Okpoti akampita, akavuka ulingo hadi kwenye kamba za upande wa pili, akapiga magoti na kukipakata kichwa cha Radi.

"Fumbua macho," alimnong'oneza. "Twende nyumbani, mama yako anatungoja."