Tundu la Kiwikoni

"Mheshimiwa, sina mbele wala nyuma. Shati lenyewe ndilo hili," mume wangu alisema kinyonge, akainua mkono hakimu aone kiwiko kilivyotoboka.

Hakimu akaguna kwa huruma. Matunzo ya mtoto yalikuwa karibu kukatwa nusu.

Mimi ni fundi cherehani. Nguo ikichakaa huchambuka nyuzi, lakini tundu lile lilikuwa na ukingo safi, isipokuwa katikati, palipotafunwa kidogo. Mkasi wangu ndio unaotafuna hivyo, tangu mtoto auangushe sakafuni. Ulipotea siku ileile mume wangu alipotukimbia.

"Mheshimiwa," nikasema, "kabla hajalia, mwulize mkasi wangu kauweka wapi."

Akafunika kiwiko kwa kiganja, haraka, kama mtu aliyefumwa uchi.